Galaxea: tumbawe lisilovumilia jirani

Mtu anayezamia kwa mara ya kwanza kwenye miamba ya kisiwa cha Mbudya, karibu na Dar es Salaam, wakati wa kaskazi, maji yakiwa maangavu, anaweza kulipita tumbawe liitwalo Galaxea fascicularis akidhani ni shada la majani ya kijani au ya kahawia, kwa sababu polipu zake, yaani viumbe vidogo laini vinavyolijenga, tofauti na za matumbawe mengi magumu, huwa zimechanua hata mchana. Akilisogelea na kuupeperusha mkono mbele yake, majani yale hunywea, na chini yake hutokeza vikombe vya mawe vyenye kingo kali zilizojipanga kama miale ya nyota. Nahodha mmoja wa Kunduchi, nilipomwonyesha kipande kikavu, alikigeuza kiganjani na kuniambia, "Hili mwanangu silipendi, linakata miguu." Kwake yote ni matumbawe tu, ila hili alilijua kwa majeraha.

Wataalamu walilijua mapema: Linnaeus, mwanasayansi wa Uswidi, alilieleza mwaka 1767, na makazi yake yameenea kuanzia Bahari ya Shamu na pwani yetu hadi magharibi mwa Pasifiki. Kiunzi chake ni kalsiamu kaboneti, yaani kitu kilekile kilichochomwa tanuruni kupata chokaa. Kila polipu hukaa katika kikombe chake, na nafasi iliyo kati ya kikombe na kikombe hujazwa mawe mepesi yenye viputo vingi, ndiyo maana tumbawe hili linaloonekana imara huvunjika kirahisi linapogongwa na nanga. Ndani ya nyama ya polipu wamo mwani wadogo sana wanaotumia mwanga kutengeneza chakula na kumgawia mwenyeji wao. Bahari inapopata joto kupita kiasi, kama ilivyotokea mwaka 1998 katika eneo kubwa la Bahari ya Hindi, ushirika huo huvunjika na tumbawe hubaki jeupe.

Lakini linalonifanya nilizungumzie tumbawe hili kuliko mengine ni ugomvi wake. Pamoja na minyiri mifupi ya kulia chakula, Galaxea huweza kuotesha minyiri ya pekee, myembamba kama uzi na yenye ncha nyeupe, ambayo hufikia sentimita 20 na wakati mwingine 30. Minyiri hiyo hupeperuka na mkondo, hasa usiku, na ncha zake zimejaa vijiseli vya sumu vya aina ile ile inayomwasha mtu aliyeguswa na yavuyavu. Haiwi tayari wakati wote; tumbawe linapogusana na jirani, huanza kuiotesha upande ule ule wa mgusano, na kazi hiyo huchukua wiki kadhaa. Mwambani, ambako nafasi yenye mwanga ni mali, silaha hii ina maana kubwa, kwani tumbawe linalokua polepole hulizuia lile linalokua haraka lisilifunike.

Kwenye tangi la samaki, maana yake ni nyingine kabisa. Katika tangi la kufundishia ninalolitunza, niliwahi kuweka Galaxea umbali wa sentimita 10 hivi kutoka kwenye tumbawe jingine lenye nyama laini, nikiamini nafasi ile inatosha kwa kuwa mchana havikugusana. Mwezi wa kwanza ulipita salama. Kisha asubuhi moja nikakuta ubavu wa yule jirani umeoza na mfupa mweupe uko nje. Usiku uliofuata nilimulika kwa tochi nyekundu, nikaiona minyiri imelalia jeraha lile lile, ikifuata mkondo wa pampu niliyoielekeza vibaya mwenyewe.

Mengine katika kulitunza si magumu. Mwanga wa kadiri unalitosha, na mkondo usio wa moja kwa moja ni bora kuliko unaopiga upande mmoja. Mimi hulenga chumvi gramu 35 kwa kilo ya maji, kalsiamu miligramu 420 hivi kwa lita, ugumu wa kaboneti nyuzi 8 hadi 9 za Kijerumani (kipimo kinachoitwa dKH) na joto la nyuzi 25 hadi 27 za Selsiasi. Hapa Dar es Salaam kazi ipo kwenye joto: umeme ukikatika mchana wa Februari, joto la maji ya tangi dogo hupanda haraka, na pampu ya hewa inayotumia betri huokoa zaidi kuliko taa ya gharama. Maji ya bahari tunayo mlangoni, lakini nisingeyachota wakati wa masika karibu na mdomo wa mto, wala maji yanapokupwa.

Kipande cha kufuga kisitoke mwambani. Mbudya, Bongoyo, Pangavini na Fungu Yasini ni hifadhi tangu mwaka 1975, na matumbawe magumu yote yamo katika orodha ya pili ya CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya viumbe walio hatarini, hivyo hayavushwi mpaka bila kibali. Wala hakuna haja ya kuvunja mwamba, kwa sababu kundi moja la polipu lililokwisha kuzoea tangi hugawanywa kwa urahisi.

Katika kugawanya huko nimeona jambo ninalopenda kuwaonyesha wanafunzi. Vipande viwili vya mama mmoja nilivyovigusanisha viliungana nyama kwa nyama, na leo mpaka wao hauonekani. Cha tatu, cha spishi ile ile lakini kilichotoka kwenye kundi jingine, kimewekwa kando yao tangu mwaka jana, na kati yao umebaki ukanda mtupu wa upana wa kidole ambao hakuna upande ulioweza kuuvuka.