Vidonda vya tumbo: kumbe si maharage wala mawazo

Nimeambiwa vidonda vyangu vimeletwa na mawazo na kukaa na njaa. Ni kweli?

Hapana, ila usione haya kuamini hivyo. Madaktari wenyewe waliamini hivyo kwa miaka mingi. Walifundishwa kwamba tumboni mna asidi kali mno, hakuna bakteria anayeweza kuishi humo. Lawama zikaangukia mihangaiko ya maisha na pilipili. Mgonjwa akapewa dawa ya kupunguza asidi na kuambiwa apumzike. Akiacha dawa, vidonda vinarudi.

Vingi vina vyanzo viwili: bakteria aitwaye Helicobacter pylori, na dawa za maumivu kama diklofenaki, ibuprofeni na aspirini.

Ilijulikanaje?

Huko Perth, Australia, mtaalamu wa patholojia Robin Warren alikuwa akiona vijidudu vilivyopinda kwenye vinyama vilivyotolewa tumboni mwa wagonjwa. Akaungana na daktari kijana, Barry Marshall. Walijaribu kuwaotesha maabara, wakashindwa. Sahani zilikuwa zinatupwa baada ya siku mbili. Pasaka ya 1982 zikaachwa likizo nzima, na watu waliporudi kazini wakakuta bakteria wameota. Kumbe walihitaji muda tu!

Wenzao wengi bado walibisha. Mwaka 1984 Marshall akanywa maji yaliyojaa bakteria hao. Siku chache baadaye akawa anatapika na mdomo unanuka, na alipopimwa kwa mpira wenye kamera, ukuta wa tumbo ulikuwa umevimba. (Kidonda chenyewe hakupata, tuseme ukweli. Na wewe usijaribu.) Mwaka 2005 wote wawili walipewa Tuzo ya Nobel.

Wanaishije kwenye asidi?

Hutengeneza amonia inayopoza asidi pale walipo, kisha hujichimbia kwenye ute unaofunika ukuta wa tumbo.

Basi nirudie maharage na pilipili?

Kama havikuumizi, kula. Haviumbi kidonda, ingawa vinaweza kukuchoma au kukujaza gesi kama kipo tayari. Kwetu maharage yalipigwa marufuku miaka na miaka kwa ajili ya mtu mmoja, na maumivu yake hayakupungua hata kidogo. Maziwa hutuliza kwa muda mfupi, kisha huchochea tumbo litoe asidi zaidi.

Nipime nini?

Choo au pumzi. Kipimo cha damu hutafuta kinga za mwili, nazo hubaki muda mrefu hata bakteria wakishakufa. Ndiyo maana mtu hupona, akapima damu, akaambiwa "bado unao", akaanzishiwa dozi nyingine bure. Omeprazoli (dawa ya kupunguza asidi) na antibayotiki huwaficha bakteria, kwa hiyo mwambie daktari kama umezitumia karibuni. Kwa kawaida omeprazoli husimamishwa wiki 2 kabla ya kipimo, na antibayotiki wiki 4.

Siku ya tano maumivu yameisha. Niache dawa?

Usiache. Dozi kwa kawaida ni siku 14, antibayotiki zaidi ya moja pamoja na dawa ya asidi. Ukiishia njiani, bakteria waliobaki hujifunza kuishinda dawa. Pima tena angalau wiki 4 baada ya kumaliza dozi.

Nimepima, sina bakteria. Mbona tumbo linawaka?

Huenda si vidonda kabisa: kiungulia na mawe kwenye mfuko wa nyongo huchanganywa navyo kila siku. Lakini kwanza beba dawa zako zote umwonyeshe daktari, pamoja na vile vidonge vya mgongo au goti unavyonunua duka la dawa na kuviona si dawa ya kutajwa. Vidonda vya dawa za maumivu vinaweza kukaa kimya, dalili ya kwanza ikawa kutapika damu au choo cheusi, chenye kunata kama lami. Hapo ni hospitali siku hiyo hiyo. Vidonge vya kuongeza damu navyo hugeuza choo kuwa cheusi, ila mwache daktari ndiye akwambie hivyo.