Menahem Golan, mzee wa Cannon aliyeuza filamu kabla hazijashutiwa

Kazi yangu ni haki za filamu, yaani nashinda nasoma mikataba, nani anaruhusiwa kuonyesha nini, nchi gani, kwa miaka mingapi, na kila kijana anayeniuliza hii biashara inaendaje namuanzishia na Menahem Golan. Tuliokulia vibanda vya video tumemuangalia sana bila kumjua, maana American Ninja ya Dudikoff, Delta Force na Missing in Action za Chuck Norris, zote ni za Cannon, kampuni yake yeye na binamu yake Yoram Globus.

Golan alizaliwa Tiberias mwaka 1929 na kwao Israeli alishakuwa mkubwa kabla ya kwenda Marekani. Lile tukio la uwanja wa ndege wa Entebbe la 1976, makomando wa Israeli walipokwenda Uganda kuokoa mateka, alilitengenezea filamu, Operation Thunderbolt, mwaka uliofuata tu, na ikaingia kuwania Oscar. 1979 wakainunua Cannon ikiwa hoi, kwa kama dola laki tano.

Sasa mchongo wenyewe ulikuwa hivi. Golan anachoresha posta, jina la filamu na sura ya staa, anabeba anaenda nayo soko la Cannes, mara nyingine skripti yenyewe bado. Msambazaji wa Ujerumani anasaini kwamba filamu ikikamilika atalipa kiasi fulani kwa haki za nchi yake, wa Japani anasaini, wa Italia anasaini. Hapo hela hamna, kuna ahadi tu, ila hizo ahadi unazipeleka benki kama dhamana, benki inakukopesha ndo unaingia kushuti. Ukiuza nchi za kutosha na bajeti ukaibana, filamu imeshajilipa kamera haijawashwa. Godard, yule muongozaji filamu maarufu wa Ufaransa, alisaini naye mkataba wa filamu ya King Lear juu ya kitambaa cha mezani pale Cannes 1985! Watu humuita tapeli kwa hili na mimi nakataa, anayeuza ahadi halafu akaleta mzigo huyo ni mfanyabiashara, na Runaway Train ya 1985 ilipata nafasi tatu za kuwania Oscar.

Kilichomuangusha ni vitabu vya hesabu, na hapa naomba msome taratibu. Gharama za filamu huziandiki zote siku ileile, unazigawa kufuata mapato unayotegemea italeta miaka ijayo. Ukikadiria mapato makubwa basi gharama ya mwaka huu inaonekana ndogo, faida inanona, hisa zinapanda. Lakini filamu ikidoda inabidi ushushe makadirio na hasara yote uimeze kwa mpigo. Cannon walikuwa wanatoa filamu nyingi mno kwa mwaka, nyingi zinadoda, mpaka mamlaka ya Marekani inayosimamia soko la hisa ikaanza kuchunguza hesabu zao. Na katikati ya hayo, 1986, wakanunua studio za Elstree na mtandao wa kumbi za sinema Uingereza! Superman IV ya 1987 ikakatwa bajeti kama nusu, mji wa Milton Keynes wa Uingereza ukafanywa New York, na ukiiangalia unaona kabisa hela ilikata.

Kuna jambo moja simtetei. American Ninja 3 Cannon waliishuti Afrika Kusini, enzi za makaburu, wakati dunia imeshasema wasanii wasiende kule. Sisi huku Tanzania tulikuwa tunawahifadhi vijana wa ANC Mazimbu, Morogoro, tukawa tunalipa kiingilio kushangilia filamu iliyowapa makaburu kazi na hela. Nilipokuja kulijua hilo ukubwani liliniuma sana na bado linaniuma.

1989 Golan akatoka Cannon, ilikuwa imeshaingia mikononi mwa Muitaliano, Giancarlo Parretti, Globus akabaki. Binamu wakawa washindani, wote wawili wakakimbilia filamu ya lambada na zote zikatoka Marekani siku moja, tarehe 16 Machi 1990. Soko lilelile, wateja walewale, tena kwa ngoma ambayo joto lake lilikuwa limeshaanza kupoa, na hakuna hata moja iliyofika mbali.