Talaka ya upande mmoja: rufaa si mlango wa kwanza

Wiki hii nimeipokea tena ile simu. Saa tatu usiku, anayeongea ni kaka mtu wala si mwenyewe: "Wakili, dada yetu ametolewa talaka na mahakama ya Rajkot, India, bila kuwepo. Tunataka kukata rufaa kesho asubuhi." Nikamuuliza kama samansi, yaani wito wa mahakama, ilimfikia. Haikumfikia kabisa, akasema, yuko hapa Mombasa tangu aondoke kwa mumewe. Basi rufaa ya nini?

Nimechoka kulisema jambo hili kwa mteja mmoja mmoja, kwa hiyo leo naliandika. Nafanya kazi hii na mawakili wenzangu wa Gujarat, jimbo la India lenye mji wa Rajkot, na karibu kila familia inayotujia ya ndoa ya Kihindu iliyofungwa kule imeshaamua jambo moja kabla ya kufika ofisini: hukumu mbaya dawa yake ni rufaa. Kwa hukumu ya upande mmoja, yaani iliyotolewa bila wewe kusikilizwa, dawa hiyo inaweza kukuua.

Rufaa ni kumwambia jaji wa juu kwamba yule wa chini alikosea kwa kile kilichokuwa mbele yake. Na mbele yake kulikuwa na nini? Ombi la mume, hati yake ya kiapo, pengine shahidi mmoja, na faili isiyo na neno lako hata moja. Kwamba hukuitwa, kwamba ulikuwa Mombasa na mwenzako akijua fika uko Mombasa, hayo hayamo kwenye faili. Pa kuyaeleza ni mahakama ileile ya familia iliyotoa hukumu, kwa ombi la kuitengua chini ya Amri ya 9, Kanuni ya 13 ya sheria ya mashauri ya madai ya India. Hapo unaleta ushahidi wako: pasipoti yenye mihuri, jumbe za WhatsApp alizokutumia akiulizia hali ya mtoto hapo Mombasa, huku mahakamani akiandika anwani ya nyumba uliyokwisha kuihama. Samansi ikirudi haina mwenyewe, mume anaomba ruhusa ya kutangaza gazetini. Gazeti la Rajkot. Kisheria tangazo linatolewa pale ulipojulikana kuishi mara ya mwisho, kwa hiyo kosa haliko kwa gazeti, liko kwa aliyeficha makao yako mapya. Hilo ndilo la kuthibitisha.

Sasa sikiliza hapa, maana hapa ndipo watu wanapoangamia. Tangu marekebisho ya 1976, kanuni hiyo ina maelezo yasemayo hivi: ukikata rufaa dhidi ya hukumu ya upande mmoja, na rufaa ikamalizwa kwa sababu yoyote isipokuwa wewe mwenyewe kuiondoa, ombi la kutengua halisikilizwi tena. Sababu yoyote. Mwaka 1982 Mahakama ya Juu ya India iliamua, katika kesi ya talaka hasa, kwamba hata rufaa iliyotupwa kwa kuchelewa tu, bila jaji kuisoma hoja yake hata moja, inaufunga mlango huo. Nimeshaletewa faili ya namna hiyo. Wakili wa kwanza alikimbilia Mahakama Kuu, rufaa ikatupwa kwa kupita muda, kisha mama wa watu akaniuliza ni lini atasikilizwa habari ya samansi. Sikuwa na jibu la kumpa. Kama umeshaiwasilisha rufaa yako na haijaamuliwa, zungumza na wakili wako leo habari ya kuiondoa. Leo, si baada ya Diwali.

Sisemi rufaa haina kazi. Kifungu cha 23 cha Sheria ya Ndoa za Wahindu ya 1955 kinamtaka jaji aridhike kuwa sababu ya talaka ipo kweli, mjibu madai awepo asiwepo. Mume akidai ametelekezwa, sheria inataka miaka 2 mfululizo kabla ya kufungua kesi. Akiwa ameifungua miezi 14 tu baada ya mke kuondoka, hukumu ina ufa ndani ya faili yenyewe, na rufaa inaweza kushinda bila mke kueleza alikuwa wapi. Unaruhusiwa hata kuwasilisha vyote viwili kwa pamoja. Ombi la kutengua likikataliwa, rufaa dhidi ya hukumu inabaki hai, ila huko hutasikilizwa tena kuhusu kutokuwepo kwako. Kukataliwa huko kuna rufaa yake yenyewe.

Muda: siku 30 kwa ombi la kutengua, zinazohesabiwa tangu ulipoijua hukumu kama samansi haikukufikia ipasavyo. Hapa usinidanganye. Kama shemeji yako alikupigia akakutajia tarehe ya kesi, na ulikuwa na nafasi ya kufika, kasoro ya samansi haitakuokoa. Kwa rufaa, Sheria ya Mahakama za Familia ya 1984 inasema siku 30, ile ya ndoa inasema 90. Mahakama Kuu ya Bombay imeamua ni 90. Mimi huhesabu 30 hata hivyo, sichezi na haki ya mtu kwa tofauti hiyo. Hati za viapo na za kumteua wakili husainiwa kwenye ubalozi wa India Nairobi au ofisi yake ya Mombasa. Habari za matunzo zina njia yake, siziingizi hapa.

Linaloninyima usingizi ni kifungu cha 15 cha hiyo Sheria ya Ndoa za Wahindu. Kinamruhusu yeyote kati ya wanandoa hao kuoa au kuolewa tena muda wa rufaa ukiisha bila rufaa kukatwa. Kimetaja rufaa, ombi la kutengua hakikulitaja. Kwa hiyo mimi ninayewaambia watu wasikimbilie rufaa, huenda ninampa mume nafasi ya kufunga ndoa nyingine tukiwa bado tunabishania samansi. Mwaka 1966 Mahakama ya Juu, katika kesi ya kuomba kibali cha kufika mbele yake, ilisema aliyeshinda anapaswa kuhakikisha hakuna hatua iliyochukuliwa kabla ya kuoa, akikosa hilo lawama ni yake. Naitegemea kauli hiyo, lakini haikutolewa kwa hali yetu hii, na sina hakika itasimama kila mahali. Ndiyo maana pamoja na ombi la kutengua huomba siku hiyohiyo amri ya kusimamisha hukumu, na humpelekea mume nakala kwa njia ambayo hawezi kuikana.

Huyu dada wa Rajkot alijua habari yake Jumapili iliyopita. Tumebakiwa na siku 24, na pasipoti yake iko mezani kwangu.