Shabiki haigizi, lakini anafanya kazi

"Huyo shabiki si anajionesha mwenyewe tu? Washa kamera, mengine yatakuja." Juzi nimeambiwa tena, safari hii na mtu anayetoa pesa za filamu ya makala kuhusu soka la Tanga. Anataka nifute siku za kukaa na watu kabla ya kurekodi. Nimechoka na maneno haya.

Mambo ya maiki na mwanga nayapita. Mchukue mzee aliyeiona klabu ya Tanga, Coastal Union, ikibeba ubingwa wa ligi mwaka 1988, mkalishe mbele ya lenzi leo hii. Atakupa hotuba. Ataketi wima, atatafuta Kiswahili cha redioni, "sisi kama wadau wa soka." Mzee huyo huyo barazani Ngamiani, kikombe cha kahawa mkononi, anawatania wapinzani wao wa mjini, African Sports, mpaka sauti inamkauka. Huyo ndiye ninayemtafuta, na hapatikani kwa kumwambia "kuwa kawaida tu, mzee wangu." Ukimwambia hivyo ndipo anapokakamaa. Mpe muda, mwache na shughuli yake mikononi, na abishane na mwenzake, si kunijibu mimi. Na usimrudishe nyuma! "Hebu sema tena, sauti haikuingia" ni kosa: mara ya pili anaigiza alichokisema mara ya kwanza, na mtazamaji anakihisi hata kama hawezi kukitaja.

Filamu ya makala Hoop Dreams, kuhusu vijana wawili wa Chicago na mpira wa kikapu, ilikusudiwa kuwa ya nusu saa. Mwongozaji Steve James na wenzake wakarekodi kwa takriban miaka mitano, saa 250 hivi, na mwaka 1994 ikatoka ikikaribia saa tatu. Umeme ulipokatwa nyumbani kwa kijana mmoja, walirekodi, kisha wakatoa pesa urudishwe. Baadaye familia zikagawiwa mapato. Naona walitenda haki.

Lakini hapo kwenye pesa sijatulia. Ukilipa mapema, mtu anakupa anachodhani umekinunua. Usipolipa, mama lishe aliyeacha sufuria zake ili akae nawe pale uwanja wa Mkwakwani ameingia hasara. Mimi nalipia muda, silipii maneno. Ila je, yeye anauona mpaka huo? Sina hakika.

Fomu ya ridhaa ya siku ya kwanza nayo naiamini kidogo, kwa kuwa aliyeitia saini hajui bado atasema nini. Alichokisema kuhusu shemeji yake kitasikika mtaa mzima, na ni yeye atakayeishi nacho. Kwa hiyo namwonesha sehemu yake kabla filamu haijatoka. Akisema toa, natoa, hata kikiwa kipande bora kuliko vyote. Wahariri wenzangu wananipinga: na kiongozi wa klabu akitaka hivyo? Kwa aliyoyafanya akiwa na cheo, sitoi.