“Hana Adabu”: Dhana Potofu Kuhusu Asperger Tunazoishi Nazo Dodoma

Siku moja, nikiwa mwalimu wa darasa la nne, nilimwambia mtoto wa dada yangu aliyekuwa anasoma shuleni kwetu: “Nisubiri hapo chini ya mwarobaini, nakuja sasa hivi.” Kikao cha walimu kikanishika. Nilipotoka ilikuwa inakaribia saa kumi na moja, wanafunzi wameshatawanyika, naye bado kasimama palepale. Nikamgombeza kwa nini hakwenda nyumbani. Akasema, “Umesema unakuja sasa hivi.” Nikaona kiburi. Miaka miwili baadaye, daktari alipotueleza kuhusu Asperger, kitu cha kwanza kilichonijia ni ule mwarobaini.

Watoto wengine wote pale shuleni walijua kwamba mtu mzima akisema “nakuja” huku anakupa mgongo, anaondoka, na huenda asirudi leo. Hakuna aliyewafundisha. Wapo watu ambao maana za namna hii haziwajii zenyewe, na sisi tunawahukumu kwa tabia.

Hali hii ilipewa jina la Hans Asperger, daktari wa watoto wa Vienna aliyechapisha maelezo yake mwaka 1944. Jina lilienea baada ya mwaka 1981, pale Lorna Wing, mtaalamu wa magonjwa ya akili wa Uingereza, alipoandika juu yake. Lilitumika kwa watu wenye alama za usonji (autism, yaani ubongo kukua kwa namna tofauti inayogusa jinsi mtu anavyoelewana na wengine) ambao hawakuchelewa kuongea na ambao akili zao za darasani ziko sawa. Tangu mwaka 2013 wataalamu wa Marekani wameiingiza ndani ya wigo mmoja wa usonji, na mwongozo mpya wa Shirika la Afya Duniani, ulioanza kutumika Januari 2022, umefanya vivyo hivyo. Wengine wameliacha jina kwa sababu ya uchungu wake: mwaka 2018 watafiti walionyesha kwamba Asperger alishirikiana na utawala wa Wanazi kupeleka baadhi ya watoto wenye ulemavu kwenye kituo walikouawa. Mimi naendelea kulitumia hapa kwa sababu ndilo familia nyingi zimeambiwa na ndilo wanalolitafuta.

“Mtoto huyu hana adabu”

Hii ndiyo dhana inayoumiza kuliko zote, kwa hiyo nitakaa nayo.

Kwetu adabu ya mtoto inapimwa kwa salamu. Ukimtuma kutoka Nkuhungu hadi soko la Majengo, atatoa shikamoo nyingi kuliko hatua zake. Mwanangu huyu (mtoto wa dada ni mwanangu, mimi ni mama yake mdogo) alikuwa akimwamkia jirani asubuhi, na wakikutana tena jioni anapita kimya. Ukimwuliza, anajibu: “Nimeshamwamkia.” Kwake deni limelipwa. Mzee mmoja alimwuliza, “Habari za nyumbani?” Akapewa habari zote: baba na mama wamegombana usiku, na unga umeisha. Dada yangu alilia kwa aibu siku hiyo.

Ukweli ni kwamba heshima anayo. Kinachompita ni kanuni ambazo hakuna anayezitamka: sauti iliyopanda kidogo, uso uliokunjamana, maana ya pili iliyojificha nyuma ya neno. Ubongo wake umekua hivyo tangu tumboni. Kanuni ikitamkwa wazi, anaishika kuliko sisi. Tulimwandikia kwenye daftari: mkubwa ukikutana naye tena jioni, mwamkie tena. “Habari za nyumbani” ni salamu, jibu lake ni “nzuri”, na mambo ya ndani unamwambia mama mdogo. Aliuliza maswali mengi, akaelewa, na hajaikosea tena. Hata “mbukwenyi” ya Wagogo amejifunza, na huwa anaitoa kwa sauti kubwa.

Kuna jambo lingine ambalo sisi wa huku tunapaswa kulijua. Kutomtazama mtu machoni ni mojawapo ya alama ambazo madaktari huziangalia. Lakini hapa kwetu mtoto anayeinamisha macho mbele ya mkubwa anasifiwa, na anayemkodolea ndiye mkaidi. Kwa hiyo alama inapita mbele yetu tukiipigia makofi. Kwa wasichana ni zaidi. Wengi wao hujifunza kuiga wenzao, wanacheka wenzao wanapocheka, wanakaa kimya pembeni, na binti mkimya kwetu ni sifa kwa familia. Anarudi nyumbani amechoka mwili mzima kwa kuigiza, na hakuna anayejua. Ndiyo maana wanawake wengi hugunduliwa wakiwa watu wazima.

Fimbo nayo haifundishi kanuni ambayo mtoto hajaiona. Inamfundisha kuogopa shule tu. Nasema hivi nikiwa mwalimu niliyewahi kuishika.

“Anadeka”

Alikataa mlenda. Katika nyumba ya Kigogo kukataa mlenda ni kama kukataa ukoo. Bibi yake alisema tunamlea kizungu. Sweta la shule alilivua hata asubuhi za Julai, upepo wa Dodoma ukipiga. Kwenye sherehe, spika zikianza tu, anaziba masikio na kukimbilia nje, au anajitupa chini na kupiga kelele.

Watu wengi wenye usonji hupokea sauti, mguso, harufu na mwanga kwa kiwango tofauti na wengine. Utelezi wa mlenda mdomoni unamtapisha kweli. Uzi wa sweta unamchoma kweli. Na akianguka na kupiga kelele, hatafuti pipi: amezidiwa. Mtoto anayedeka huangalia kama unamwona, na ukimpa anachotaka ananyamaza. Aliyezidiwa hawezi kusimamisha hata akitaka. Wakati huo maneno mengi yanamwongezea mzigo. Mtoe penye kelele, punguza watu, kaa karibu kimya, subiri. Sisi tulimnunulia fulana ya pamba ya kuvaa chini ya sweta, na vita vya kila asubuhi vikaisha kwa bei ya fulana moja ya mtumba.

“Mpelekeni Mirembe”

Nchi nzima inalijua jina la hospitali yetu ya afya ya akili, na nchi nzima inalitumia kama tusi. Asperger si kichaa. Mtu hapotezi fahamu ya kilicho halisi na kisicho halisi. Ni namna ya ukuaji wa ubongo, na anazaliwa nayo. Ila naomba tusikimbilie upande wa pili tukaliona jina la Mirembe kama najisi. Watu wenye Asperger wanapata wasiwasi mkali na sonona kwa wingi kuliko wengine, hasa vijana waliochekwa miaka mingi, na hayo yanatibika. Anayekwenda hospitali kwa ajili hiyo anafanya jambo la busara.

Hali yenyewe haina dawa ya kuiondoa wala kipimo cha damu cha kuigundua. Mtaalamu anamtazama mtoto, anazungumza naye, na anawahoji wazazi kwa kina kuhusu miaka ya mwanzo. Kwa hiyo atakayekuuzia chupa ya kuiponya anakuibia, awe na duka au kibuyu. Ndugu zetu wamemaliza mbuzi na akiba kwa waganga wakiambiwa mtoto amerogwa. Ukitaka kumwombea, mwombee, lakini usiwaruhusu wamshike kwa nguvu na kumpigia kelele masikioni mtoto ambaye kelele zinamuumiza.

“Ni chanjo”

Uvumi kwamba chanjo ya surua huleta usonji ulitoka Uingereza mwaka 1998, kwenye makala ya Andrew Wakefield iliyotegemea watoto 12 tu. Jarida la The Lancet liliifuta mwaka 2010, na mwandishi akafutiwa usajili wa udaktari. Nchini Denmark walifuatilia watoto zaidi ya 650,000, majibu yakatolewa mwaka 2019: waliochanjwa surua hawakuwa na usonji zaidi ya wasiochanjwa. Kinachochanganya wazazi ni muda. Chanjo ya surua na rubella kwetu ni miezi 9 na miezi 18, na huo ndio umri ambao mzazi makini huanza kuona tofauti. Usiifiche kadi ya kliniki. Surua inaua.

“Hana huruma, moyo wake jiwe”

Bibi alipolazwa, mwanangu hakulia wala kusema pole. Shangazi zake walinung'unika. Wakati huohuo, kila siku ya mgao wa maji alikuwa anaamka alfajiri kujaza ndoo zote za bibi, kwa sababu ratiba ya mgao ameiandika daftarini na alijua bibi akirudi atahitaji maji. Hakumwambia mtu.

Kusoma hisia usoni na kuwa na hisia ni mambo mawili. Wengi wenye usonji wanasema wanahisi kupita kiasi mpaka wanaganda. Mwaka 2012 Damian Milton, msomi wa Uingereza ambaye mwenyewe ana usonji, alieleza kwamba tatizo lina pande mbili: sisi nasi tunashindwa kuwasoma wao. Nikikumbuka zile ndoo, naona anasema kweli.

“Wote ni vichwa”

Hapana. Baadhi wana kipaji kikubwa, wengi wana uwezo wa kawaida, na wengine wana Asperger pamoja na shida ya kusoma. Kinachoonekana kama kipaji mara nyingi ni kuzama kwenye kitu kimoja. Wetu amezama kwenye treni ya umeme: atakutajia vituo vya Mkata, Kilosa, Kidete, Gulwe na Igandu kabla hujafika Dodoma. Kutoa kwa kukopa kulimshinda ubaoni mpaka tulipotumia saa za treni kuondoka na kufika.

“Hataoa, hatafanya kazi”

Daktari alimwuliza dada kama kuna mwingine kwenye ukoo, kwa kuwa kurithi kunachangia sehemu kubwa. Dada alinyamaza, kisha akamtaja babu yetu. Alikuwa na shamba la zabibu Hombolo. Alipima nafasi kati ya mche na mche kwa fimbo ileile miaka yote, na fimbo hiyo hakuna aliyeruhusiwa kuigusa. Kwenye harusi aliondoka ngoma ikianza tu. Alioa, akazaa watoto saba, akawasomesha kwa zabibu. Kijiji kilimwita mzee mkali, na bibi ndiye pekee aliyekuwa akituambia, “Si mkali. Mwambieni mtakuja saa ngapi, na mje saa hiyo.”