Hamuya: hamu iliyoishia kwenye "ya"

Kiswahili hakiiachi hamu ikae peke yake. Ukisema "nina hamu", aliye karibu nawe atauliza "ya nini?", na hatakuachia mpaka umtajie: ya pweza, ya kwenu, ya fulani. Uchu ni hivyo hivyo, na shauku pia. Hata ngoa, neno la wazee ambalo siku hizi utalikuta zaidi kwenye tenzi, hutaka mtu au kitu cha kuililia.

Hamuya ni hamu iliyofika kwenye "ya" ikagota hapo. Usilitafute neno hili kwenye kamusi. Ni la mji wa kubuni ambao, kwa raha zangu, nimeuweka nyuma ya mapango ya Amboni, kilomita kama nane kutoka Tanga mjini, kule ambako mwongozaji akizima tochi unaujua ukubwa wa giza.

Watu wa mji huo huishi kwa ndoto. Kabla hata ya mswaki, kila mtu hutoka barazani akatoa aliyoyaota, na aliyoyaota ndiyo kazi yake ya siku. Umeota unapanda muhogo? Shika jembe. Umeota umemkosea jirani? Nenda kamwombe radhi, hata kama jirani mwenyewe hana habari. Ndoto kwao ni agizo. Sasa mfikirie aliyeamka moyo umejaa, kifua kinamvuta kwenda mahali, ila ndoto yenyewe imeshamtoka. Ni kama mtoto aliyetumwa dukani kwa Mangi: kafika, hela kaikamata mkononi, anajua kabisa katumwa, na alichotumwa hakikumbuki. Huko kusimama mbele ya kaunta ndiko hamuya.

Sisi wa Tanga ndoto hatuzimwagi barazani namna hiyo. Madrasa tulifundishwa: njema msimulie umpendaye, mbaya, tema kushoto mara tatu, jikinge kwa Mungu, na usimwambie mtu. Mwenye jambo zito, posa au safari, huswali rakaa mbili za istikhara, kumwomba Mungu amchagulie lililo la heri, na wengi baada yake hulala wakingoja kuoteshwa, ingawa masheikh hawachoki kusema kwamba ndoto si sharti. Kwa hiyo mji wangu haukutoka hewani. Nimechukua tu tabia yetu ya kuipa ndoto heshima, nikaitoa chumbani.

Na lile la hisia kubaki huku kisa kimepotea sikulibuni hata kidogo. Mwaka 1953 Eugene Aserinsky na Nathaniel Kleitman wa Chuo Kikuu cha Chicago walieleza usingizi ambamo macho hucheza chini ya kope, na mtu akiamshwa wakati huo mara nyingi huwa na ndoto ya kusimulia. Katika usingizi huo amigdala, sehemu ya ubongo inayoshughulika na hisia, huwa na kazi nyingi, na sehemu za mbele zinazopanga mambo yakae kwa mpangilio huwa zimepoa. Ukiamka, kisa huyeyuka ndani ya dakika chache. Hofu yake, au utamu wake, unaweza kukufuata mpaka kwenye kituo cha daladala.

Kiswahili kina kuota tatu: ya usingizini, ya mbegu na ya motoni. Watu wa mji ule husema hamuya ni ile ya tatu. Ngozi ina joto, moto huuoni.

Unaweza kuilinganisha hamuya na saudade ya Wareno, ile hamu ya kilicho mbali au kilichopotea, nami naona si sawa. Januari 1499 mabaharia wa Vasco da Gama waliichoma moto meli yao, São Rafael, karibu na Mtangata, Tongoni ya leo, kusini ya Tanga, kwa kuwa maradhi yalikuwa yamewamaliza na waliobaki hawakutosha kuendesha vyombo vyote. Kama yuko aliyewahi kulia saudade kwenye pwani yetu, ni hao. Lakini walijua wanakililia nini: kwao. Sehnsucht ya Wajerumani, shauku yao kali, iko karibu zaidi, maana yenyewe inaweza kukushika bila kukuonyesha inakokupeleka.

Mimi hunishika zaidi msimu wa kusi. Siku moja, Ngamiani, niliamka nayo nikadhani ni njaa. Nikala mbaazi za nazi kwa mahamri mawili. Siyo. Nikatoka kutafuta kahawa chungu na kashata, nikanywa vikombe vitatu vile vidogo. Siyo. Bibi alikuwa ukumbini anakuna nazi, ameikalia mbuzi yake, ananitazama ninavyoingia na kutoka.

"Mjukuu wangu, unatafuta nini?"

"Sijui, bibi."

"Basi kaa hapa, usije ukanunua kitu."

Nilicheka. Nilikuwa nimeshanunua. Baiskeli ya mtumba, ya mzee mmoja jirani na muuza kahawa, na hata kuiendesha sijui vizuri. Jioni hamu ilikuwa imekwisha, baiskeli imeegemea ukuta.

Hapo ndipo penye kiini cha dhana hii. Hamuya haivumilii kukaa tupu, hujibandika kwenye cha kwanza kupita: kanga yenye jina zuri, tiketi ya basi, mtoto wa watu. Ndiyo maana katika mji wa nyuma ya Amboni aliyeamka nayo haruhusiwi kuuza, kununua wala kuposa mpaka jua litue. Haonekani mgonjwa, na hapewi dawa. Wanamzuia tu asiibatize jina la uongo, kwa sababu siku ile ndoto ikimrudia atakuwa tayari na mke.

Kwa matumizi: hamuya haina wingi, na haifuatwi na "ya" nyingine; anayesema "hamuya ya kitu fulani" anacho kitu, amerudi kwetu. Husemwa "nimeamka na hamuya", basi. Anayeambiwa hivyo hamuulizi mwenziwe swali lolote. Huita ndani ya nyumba: "Leteni kiti kingine, ana mgeni."