Maana ya "Idodomya", neno la tope lililozaa jina la Dodoma

Idodomya ni neno la Kigogo. Mwulize mtu wa Dodoma maana yake, atakujibu mara moja: imezama. Amejibu sawa, ila kuna kuzama na kuzama. Jiwe likitupwa kisimani linazama, unasikia chubwi na habari yake imekwisha. Katika masimulizi ya Wagogo, kilichozama hakikuzama kwenye maji mengi, kilizama kwenye tope. Miguu kwanza, halafu tumbo, na kila mnyama anapojitutumua ndivyo anavyozidi kwenda chini. Kiswahili kina neno linalokaribia hapo hata kwa mlio wake: kudidimia.

Masimulizi yenyewe ni mawili. La kwanza ni la tembo aliyekuja kunywa maji kwenye kijito cha Kikuyu, jina ambalo leo ni la kata mbili za jijini. Ardhi ya ukingoni ikamshinda, akanasa, akadidimia. Waliomwona wakapaita mahali pale kwa kile kilichompata.

La pili ndilo ninalolipenda zaidi. Wagogo walichukua ng'ombe wa jirani zao wa kusini, Wahehe, wakawachinja na kuwala, wakabakiza mikia tu. Mikia ile wakaichomeka kwenye kinamasi. Wenye mali walipofika wakifuata nyayo, wakaonyeshwa: tazameni, ng'ombe wenu hao, idodomya.

Watu wengi hulisimulia kisa hiki kwa ajili ya ujanja uliomo. Mimi naona jambo kubwa zaidi ni kwamba uongo ule uliwezekana. Wahehe ni wafugaji nao, ng'ombe wanawajua. Mfugaji humdanganyi kuhusu ng'ombe kwa jambo ambalo hajawahi kuliona wala kulisikia. Ili maneno yale yapite, ilibidi pande zote mbili ziwe zinajua kwamba katika nchi hii ardhi inaweza kumeza mnyama mzima.

Na kweli inaweza. Mvua ya Dodoma ni ya msimu mmoja, kuanzia Novemba au Desemba hadi Aprili, na kwa mwaka haizidi sana milimita 500 hadi 600. Lakini ikija huja kwa nguvu, na maji hukimbilia mabondeni, kwenye mbuga. Huku kwetu mbuga si lazima iwe ya wanyamapori. Ni bonde tambarare lenye udongo mfinyanzi mweusi. Udongo huo ukinywa maji huvimba na kuyashika, hayapiti kwenda chini. Juu unaona majani mabichi, pengine na kigozi kikavu kilichoanikwa na jua. Chini yake ni uji.

Mahali pa kuliona jambo hili kwa ukubwa wake ni Sulunga, ziwa ambalo watu wengi hulijua kama kinamasi cha Bahi, magharibi mwa jiji. Mto Bubu unashuka kutoka upande wa Kondoa na kumwaga humo, na hakuna mto unaotoka. Maji yakishaingia, mlango wao wa kutokea ni hewani tu, kwa jua na upepo. Mwaka wa mvua nyingi utakuta ziwa hasa, lenye ndege na wavuvi wa kambale na perege. Mwaka wa ukame utakuta uwanja. Ndiyo maana kwenye ramani maziwa ya namna hii huchorwa kwa mstari wa vipande vipande. Maji yakiondoka huacha chumvi juu ya udongo, na Wagogo wamekuwa wakiikwangua na kuichuja tangu zamani.

Kwa hiyo Sulunga usiliweke fungu moja na Hombolo au Mtera. Hayo ni mabwawa, watu walijenga kingo wakazuia maji. Sulunga limejitengeneza lenyewe, na ukingo wake husogea kila mwaka.

Machi mmoja nilikuwa upande wa Bahi, nikakuta vijana wanne na mzee mmoja wakihangaika na dume la ng'ombe. Alikuwa amefuata majani hatua chache tu kutoka njiani, tope likamfika mbavuni. Nilitaka kuingia kusaidia kumvuta, mzee akanizuia kwa fimbo. "Ukimvuta kwa nguvu anashuka. Mtandikie kwanza." Wakakata matawi, wakayalaza mbele yake na ubavuni, wakapitisha kamba nyuma ya miguu ya mbele. Muda wote huo dume hakulia. Alikuwa akihema tu, na mkia wake ulikuwa umelala juu ya tope, mkavu, ukifukuza nzi. Ilichukua karibu saa nzima. Alipotoka alisimama akitetemeka, nusu mweusi, nusu mwekundu.

Nilipita tena pale Septemba. Nyufa za ardhi zilikuwa pana kiasi cha kuingiza kiganja, na pikipiki zilikuwa zikikatisha katikati ya mbuga kufupisha safari. Shimo la yule dume lilikuwa bado lipo, limekauka gumu kama chungu, na pembeni yake matawi yalikuwa yamegandia pale pale yalipotandikwa.